Mwache mtoto alicheke zimwi

Likizo ndefu ya mwisho wa mwaka huwaleta watoto nyumbani mchana kutwa, nao wazazi wa mjini hawana budi kuwatafutia la kuwashughulisha zaidi ya televisheni. Wapo wanaoingia dukani kununua kitabu cha hadithi, na aghalabu hapo ndipo mzozo huzuka. Mtoto hukimbilia kile chenye jalada la mchawi aliyepanda ufagio, au jitu lenye macho mekundu. Mama huitazama picha ile, akakirudisha kitabu rafuni na kuchukua chenye malaika na nyota. "Hicho kitakufanya uote ndoto mbaya," humwambia.

Leo ningependa kukitetea kile kitabu kilichorudishwa rafuni.

Hebu tujiulize kwanza: je, watoto wetu hawatishwi tayari? "Usipomaliza uji, zimwi litakuja." "Usipolala sasa hivi, nitamwita yule mzee wa gunia." Maneno haya husemwa katika nyumba nyingi, pamoja na zile zisizoruhusu kitabu cha mizuka kupita mlangoni. Zimwi hili la kuchapia watoto halina mwanzo wala mwisho. Mtoto halioni, haliulizi swali, wala hawezi kulicheka. Taa ikizimwa, mzazi huenda zake akiwa ametii­wa, naye mtoto huachwa peke yake na zimwi chini ya kitanda.

Zimwi la kitabuni ni tofauti kabisa. Lina ukurasa wa kuingilia na ukurasa wa kutokea. Likizidi kutisha, mtoto hufunga jalada; akipata moyo, hulifungua tena. Zaidi ya yote, zimwi la kitabu kizuri hufanya jambo la kipumbavu, mtoto akacheka. Wahenga walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Nami naongeza kwamba mtoto anayelijua zimwi lake halili­ogopi likamkosesha usingizi.

Jambo hili si geni kwetu. Ni nani asiyejua "paukwa" na jibu lake "pakawa"? Katika ngano zetu zimwi humeza kijiji kizima, kisha tumbo lake hupasuliwa na watu wakatoka wazima. Fisi naye huaibishwa na ulafi wake hadi wasikilizaji wakashika mbavu. Ngano hizo zilisimuliwa usiku, watoto wakiwa wamebanana kando ya bibi, na aliyetaka kuzisimulia mchana aliambiwa ataota pembe. Hofu na kicheko vilipakuliwa katika sahani moja. Lakini mjini bibi yuko mbali, na nafasi yake imeachiwa kitabu. Ndiyo maana inafaa tujue vitabu vya namna hii vya sikukuu vilitoka wapi, na vina nini ndani.

Tuanze na Krismasi yenyewe. Hadithi mashuhuri zaidi ya Krismasi nchini Uingereza, ukiacha ile ya Biblia, ni hadithi ya mizuka. Charles Dickens aliitoa jijini London tarehe 19 Desemba 1843 kwa jina A Christmas Carol, na nakala 6,000 za kwanza zilikuwa zimekwisha ilipofika mkesha wa Krismasi. Ndani yake bahili Scrooge anatembelewa usiku na mzuka wa mshirika wake wa biashara, Jacob Marley, aliyekufa miaka saba kabla. Mzuka huo unaburura mnyororo uliofungwa makasha ya fedha, funguo, kufuli na madaftari ya hesabu. Picha hiyo inatisha, naam. Lakini Scrooge afanyaje? Anabishana nao, akidai kwamba huenda si mzuka bali ni kipande cha nyama ambacho tumbo lake limeshindwa kukisaga! Mtoto anayesikia hayo hutetemeka na kucheka kwa wakati mmoja.

Dickens hakuwa akicheza tu. Akiwa na umri wa miaka 12 alitiwa kazini katika kiwanda cha rangi ya viatu, na muda si muda baba yake akafungwa gerezani kwa sababu ya madeni. Katika hadithi hiyo mmoja wa mizuka anafunua joho lake na kuonyesha watoto wawili waliokonda, ambao majina yao ni Ujinga na Uhitaji. Hao ndio wa kuogopwa kuliko mizuka yote. Na mwisho wake ni furaha: Scrooge anamnunulia karani wake bata mzinga mkubwa ajabu, na kesho yake anajifanya kumkasirikia kwa kuchelewa kazini, kumbe anataka kumwongezea mshahara.

Zaidi ya miaka 100 baadaye, Mmarekani Theodor Geisel, anayejulikana zaidi kwa jina la Dr. Seuss, aliandika How the Grinch Stole Christmas! Kilitoka mwaka 1957. Grinch ni jitu lenye kinyongo linaloishi mlimani na kuchukia kelele za sikukuu. Usiku wa mkesha linajivika mavazi ya Baba Krismasi, linamfunga mbwa wake pembe moja kichwani ili afanane na kulungu wa kuvuta sleji, kisha linaiba zawadi, vyakula na hata miti ya Krismasi ya kijiji kizima. Asubuhi linatega sikio likitarajia kilio, kumbe wanakijiji wanaimba vilevile bila zawadi hata moja! Filamu ya vibonzo ya kisa hicho ilipoonyeshwa mwaka 1966, msimulizi alikuwa Boris Karloff, yule yule aliyeigiza dubwana la Frankenstein mwaka 1931. Sauti iliyowatisha wazazi ikawa ya kuwachekesha watoto wao.

Sikukuu nyingine iliyozaa vitabu vingi vya namna hii ni Halloween, ya tarehe 31 Oktoba. Ina mizizi Ireland na Scotland, ambako watu walichonga nyuso za kutisha kwenye tanipu. Wahamiaji walipofika Marekani wakakuta maboga, ambayo ni makubwa na rahisi kuyachonga. Kitabu kimoja cha msimu huo ambacho ningependa kila mzazi akijue ni The Little Old Lady Who Was Not Afraid of Anything cha Linda Williams, kilichotoka mwaka 1986. Bibi kizee anarudi nyumbani usiku akipitia msituni. Mara viatu vitupu vinamfuata vikitoa kishindo, kisha suruali, shati, glavu, kofia, na mwisho boga lenye uso wa kutisha. Anatimua mbio hadi nyumbani. Lakini vinapobisha hodi, anafungua mlango na kuzungumza navyo. Vinasikitika kwamba vimeshindwa kumtisha, naye bibi anavishauri viungane. Kulipopambazuka, vinasimama shambani kama sanamu ya kufukuza kunguru. Hofu imepewa kazi!

Najua kuna msomaji anayeguna, "Haya yote ni uchawi, na uchawi si mchezo." Ana haki ya kuguna. Mwaka 2008 watu 11 waliteketezwa hadi kufa huko Kisii kwa kushukiwa uchawi, na huko Kilifi wazee wamewahi kuuawa kwa tuhuma kama hizo. Katika nchi yenye majonzi ya aina hiyo, mzazi hawezi kumpa mtoto kitabu cha mchawi na kunyamaza. Mweleze waziwazi: mchawi wa kitabuni, mwenye kofia ndefu na ufagio, ni mchekeshaji wa hadithi. Bibi jirani mwenye macho mekundu si mchawi. Macho yake yamefanywa mekundu na moshi wa kuni na umri. Kisha msimulie habari za yule bibi kizee wa msituni, ambaye si mchawi hata kidogo, bali ndiye shujaa. Mtoto aliyejifunza kupima hofu yake akiwa mdogo huenda akikua asifuate umati unaobeba viberiti.

Sasa tufanyeje likizo ikifika? Kwanza, kisome kitabu mwenyewe kabla ya mtoto. Tazama mwisho wake: je, kicheko kinashinda? Kama hadithi inamwacha mtoto gizani bila mlango wa kutokea, iache. Pili, kisome kwa sauti ukiwa umeketi kando yake. Dickens mwenyewe alianza mwaka 1853 kukisoma kitabu chake mbele ya umati jijini Birmingham, kwa maana hadithi ya mzuka ni ya kusikilizwa na wengi pamoja. Tatu, mwache mtoto ndiye afunue kurasa. Akisita, nawe usite. Akisema "basi leo", basi.

Nanyi wanafunzi wa sekondari msidhani mmesahauliwa. Kiingereza cha Dickens ni kizito kwa mdogo wenu wa darasa la pili. Kisomeni ninyi, kisha msimulieni kwa Kiswahili. Mtajikuta mmefanya zoezi la ufahamu na la insha bila mwalimu kuwashika sikio. Kama fedha ni haba, kumbukeni kwamba maktaba zina sehemu za watoto, na wauzaji wa vitabu vilivyotumika huwa na vingi vya picha.

Na ukikosa kitabu, tungeni chenu. Mpe mtoto karatasi na kalamu, achore zimwi la Krismasi. Mwulize linaitwaje, linakula nini, na ni nini linachokiogopa. Huenda likawa zimwi linalomeza mikate ya sikukuu na kupaliwa, au zimwi la matatu linalopandisha nauli ya kwenda mashambani mpaka likakosa abiria hata mmoja! Mtoto akimaliza, bandikeni mchoro huo ukutani, karibu na kitanda chake. Usiku taa itakapozimwa, atajua zimwi liko wapi, na ni nani aliyelichora.

Ila zimwi la uji na la gunia, mpenzi msomaji, likizo hii lipeni ruhusa liende zake. Hadi Jumapili ijayo, kwaherini.