PESA ZA UZEENI: NA SISI TUSIKIZWE

Kila mwisho wa mwezi tajiri hutukata pesa za N.S.S.F. Sheria ya 2013 yasema sisi tutoe 6 katika mia ya mshahara unaohesabiwa, naye atoe 6 yake. Tajiri akikata asipeleke, amekula uzee wa mtu.

Shauri likizuka, yeye huitwa na vitabu vyake. Ni haki, hatutaki mtu yeyote ahukumiwe bila kusikizwa. Lakini yule aliyekatwa yuko wapi? Isiwe hesabu zinapatanishwa nyuma yake, kisha aambiwe tu, "Hatuoni jina lako." Katiba ya 2010, kifungu cha 47, yasema aliyeguswa haki yake apewe sababu kwa maandishi, na kifungu cha 50, asikizwe mbele ya baraza lisilopendelea.

Basi twadai: mfanyakazi aarifiwe siku ya shauri, aonyeshwe vitabu, na chama kisimame naye.

Nanyi ndugu wanachama, wekeni karatasi zenu za mshahara. Zilinganisheni na hesabu ya N.S.S.F. kila mwaka, msingoje siku ya kustaafu. Mkiona pengo, njooni ofisini upesi. Mdomo husahau, karatasi haisahau.