Ukiwa na simu ya laki mbili, usikimbilie risasi

KUTOKA SOMANDA
Na Mabula Shigela

Mara ya kwanza nilipobaki peke yangu kati ya watu hamsini kwenye Free Fire, gemu la simu la kupigania uhai kisiwani, nilipiga kelele mpaka kuku wakatawanyika uani. Neno Booyah likajaa kioo kizima, nami nikamwita mpwa wangu aje ashuhudie. Akaitazama simu, akanitazama mimi, akasema kwa adabu zote: "Hongera, mjomba. Ila hao karibu wote ni maroboti."

Kumbe nilikuwa nimewapiga wapinzani wa kompyuta. Mgeni aliye ngazi za chini huwekewa hao kwa wingi ili asikate tamaa akaifuta programu. Nilifanyiwa kile tunachomfanyia mtoto mdogo tunapokimbizana naye uani: mtu mzima anachechemea makusudi ili mtoto ashinde.

Tangu siku hiyo nimeuawa na watu wa kweli mara zisizo na idadi, na nimeshinda mara za kuhesabika. Nina miaka 46, herufi ndogo nazisoma kwa miwani, na simu yangu niliinunua kwa laki mbili kasoro. Kwa hiyo ninayeandika leo si bingwa. Ni mtu ambaye vidole vilimgomea, ikabidi atumie kichwa. Mnaosubiri niendelee na habari ya mbegu za pamba mtanivumilia wiki moja.

Kilichonichokoza ni benchi la fundi simu jirani na stendi. Jioni vijana hujaa pale, kila mmoja kainamia TikTok, wakitazama vipande vya wachezaji wa Brazil na Indonesia, nchi ambako Free Fire inapendwa kupita kiasi. Jamaa anaruka, anageuka hewani, anasimamisha ukuta wa barafu kufumba na kufumbua, anampiga mtu kichwani na kumgeukia wa pili kabla wa kwanza hajafika chini. Kisha mtazamaji wetu anafungua gemu lake. Anaruka. Anageuka hewani. Simu inanata. Inapozinduka, yeye ameshakuwa sanduku na mtu anaokota vitu vyake.

Analaumu bahati, anamlaumu mwenzake wa skwadi, anaanza upya. Hajiulizi kama yule wa Brazil na yeye wanacheza mchezo mmoja. Mimi nasema hawachezi mchezo mmoja, na hapo ndipo ushauri wangu wote unapoanzia.

Kwanza chukua simu yenyewe. Kioo cha kugusa hufanya kazi kwa kuhisi chaji ndogo ya umeme kati yake na kidole chako, na jasho nalo hupitisha umeme. Mchana wa Oktoba, bati likiwaka juu ya kichwa, gumba lenye jasho linachora mistari ambayo hukuituma: unataka kulenga kulia, bunduki inatazama mawinguni. Dawa yake hainunuliwi. Huu ndio mkoa unaoongoza nchini kwa pamba; weka kitonge cha pamba au kitambaa kikavu mapajani, ufute kioo na vidole kila unapopata pa kujificha. Na ile protekta iliyopasuka tangu mwaka jana, ibandue.

Kisha kuna joto. Simu ikichemka hujipunguzia kasi yenyewe ili isiungue, na hufanya hivyo dakika za mwisho, pale hasa unapoihitaji. Usicheze ikiwa kwenye chaji. Vua kava. Ingia kwenye mipangilio, shusha urembo wa picha hadi chini kabisa, zima vivuli, halafu pandisha kasi ya fremu kadiri simu itakavyokubali. Utakosa machweo mazuri ya kisiwani, lakini adui atakimbia mbele yako kama mtu, si kama picha za mkanda mbovu. Kuhusu kulenga kwa kuinamisha simu, mtindo ambao mabingwa wa PUBG Mobile, gemu jingine la aina hii, huusifu sana, simu nyingi za bei yetu hazina kabisa kihisi cha jairo kinachouwezesha. Usipoteze jioni nzima ukikitafuta.

Vidole navyo. Wengi wetu tunacheza kwa magumba mawili: la kushoto linatembea, la kulia linalenga na kufyatua. Hapo kuna tatizo la hesabu. Gumba la kulia likienda kwenye kitufe cha kufyatua, limeacha kulenga. Wenzetu huzikunja shahada juu ya simu kama kucha za mwewe, wakapata vidole vinne. Mimi nilijaribu vinne, mkono ukakakamaa nikashindwa kufunga vifungo vya shati. Nikarudi kwenye vitatu. Nilihamishia kitufe cha kufyatua juu kushoto, nikakikabidhi kwa shahada ya kushoto, gumba la kulia likabaki na kazi moja tu ya kulenga. Ilinichukua wiki tatu za kuuawa na kila mpita njia. Wiki ya nne nikaanza kumpiga mtu huku natembea. Kama utachukua jambo moja tu kwenye safu hii, chukua hili la kidole cha tatu.

Sasa kuna kitu ambacho pamba haiwezi kukifuta. Kwenye kona ya kioo kuna namba ndogo ambayo vijana huiita pingi. Ni muda, kwa milisekunde, ambao taarifa ya simu yako hutumia kwenda kwenye seva na kurudi. Kutoka hapa Somanda inapanda mnara, inapita Mkongo wa Taifa hadi Dar es Salaam, inazama baharini kwenye nyaya kama SEACOM, iliyotua nchini mwaka 2009, au EASSy iliyofuata mwaka mmoja baadaye, ikaibukie nchi za watu. Waliokuwa wakicheza Mei 12, 2024 wanakumbuka: nyaya hizo mbili zilikatika huko kusini, na nchi nzima ikabaki inatazama kiduara kinachozunguka.

Siku ya kawaida kwangu namba hiyo inacheza kati ya 130 na 200. Ikiwa 200, maana yake mpaka risasi yangu ihesabiwe, picha niliyoilenga imeshachakaa kwa sehemu ya tano ya sekunde. Kwa anayesonga ugali hicho si kitu. Kwa watu wawili wanaofyatuliana hatua tano, mmoja ameshakufa. Na kuna ubaya wa pili ambao hausemwi pale kwenye benchi: anayejitokeza ghafla kwenye kona humwona aliyesimama kabla huyo aliyesimama hajamwona yeye, kwa sababu habari za kujitokeza kwake bado ziko njiani. Kwa hiyo hata ule uviziaji wa kusimama wazi ukikodolea mlango macho haukusaidii. Ukiwa na pingi yangu, mlango unafunguka umeshapigwa.

Kinachobaki ni kuchagua mahali na kuchagua wakati. Hivyo viwili havitegemei simu wala bando.

Ndege inapopita, kwenye Bermuda ya Free Fire kila kijana anataka kushuka Peak. Kwenye Erangel ya PUBG Mobile ni Pochinki. Vitu vimejaa huko, sikatai, na mauti vilevile. Mwenye pingi ya 40 na aende. Mimi nashuka kwenye vijumba vitatu vya pembezoni, naokota bunduki ya masafa ya kati na dawa, naondoka. Zile za kumwaga risasi mfululizo karibu kwa karibu zinamtaka mwenye mtandao wake. Ya masafa ya kati inakusamehe kidogo, maana mtu aliye mbali, hata akikimbia, hasogei sana kwenye kioo chako ndani ya hiyo sehemu ya tano ya sekunde.

Zoni, yaani duara la usalama, ikianza kujikunja, ingia mapema, kisha tembea ukingoni mwake, mgongo ukiwa upande wa eneo lililokufa. Nyuma yako hatakuja mtu isipokuwa anayekimbia kifo, na anayekimbia kifo halengi. Wengi niliowala niliwala hapo.

Jambo jingine ni kutunza akiba, na hapa ndipo ninapogombana na mpwa wangu. Amelelewa Itilima, kwa babu yake mwenye ngitili. Kwa wasomaji wa mbali: ngitili ni kipande cha malisho ambacho Wasukuma hukifunga wakati wa mvua, majani yakue, ng'ombe wafunguliwe kiangazi kikikaza. Mradi wa hifadhi ya ardhi wa HASHI ulipoanza mwaka 1986, tulipokuwa bado ndani ya mkoa wa Shinyanga, ulijenga kazi yake juu ya utaratibu huo wa wazee. Kijana huyu ametumwa kufukuza ng'ombe wa jirani kwenye ngitili ya babu, anajua kwa nini imefungwa. Lakini mpe gemu: dawa zote na kuta zote za barafu zinaisha kwenye pambano la kwanza, na watu ambao hata hawakuwa wamemwona. Duara la mwisho likifika yuko kwenye kiangazi, hana hata jani. Mimi ukuta wangu wa mwisho siugusi kabla hatujabaki watu kumi.

Wakati je? Sikiliza. Spika za masikioni za elfu tano zinakuambia nyayo zinatoka upande gani, jambo ambalo spika ya chini ya simu, uliyoiziba kwa kiganja, haiwezi. Ukisikia risasi zinajibizana, usizikimbilie wala usizikimbie. Sogea taratibu, tafuta ukuta. Michezo hii hukuonyesha mtu wako kwa jicho lililo nyuma ya kisogo chake, kwa hiyo ukijibanza nyuma ya ukuta unaweza kuigeuza kamera ukaona kona ya pili bila kutoa hata pua. Kaa hapo. Vita vya panzi, furaha ya kunguru. Mmoja akianguka, aliyebaki atainama kujifunga dawa, na hapo hata pingi ya 200 inatosha.

Nyasi lakini zisikudanganye. Sisi tuliozaliwa jirani na Pori la Akiba la Maswa tunaamini mtu akilala kwenye majani amepotea. Kwenye PUBG Mobile nyasi huchorwa kwa aliye karibu tu. Anayekutazama kwa darubini kutoka mlimani anaona ardhi tupu ya kijani na wewe umelala juu yake kama muhogo ulioanikwa. Nililala hivyo wiki nzima nikijiona mwindaji, na sikuwahi kumjua aliyeniua. Jiwe, mti, mteremko wa kilima: hivyo huchorwa kwa wote.

Vijana wana neno kwa haya yote. Wanasema ni woga. "Mjomba, wewe hupigani, unajificha tu." Nawaelewa, maana wamekulia kwenye ngoma. Makundi mawili ya ngoma ya Wasukuma, Wagika na Wagalu, yakikutana uwanjani, mshindi ni aliyevuta watu wengi upande wake, na ili kuvuta watu mchezaji huleta kila kituko, hata chatu akamvaa shingoni. Ukijibanza nyuma ya ukuta kwenye ngoma hiyo, umeshindwa kabla jua halijatua. Ila kwenye kisiwa cha Free Fire umati haupo. Ngazi zinapandishwa kwa kuua, ni kweli, lakini pia kwa kudumu hai, na aliyeua watano akafa wa thelathini hupata kidogo kuliko anavyodhani. Anayetaka kipande cha kurusha TikTok, ushauri wangu haumfai, na simlaumu.

Ninachomlaumia ni almasi, ile pesa ya ndani ya gemu. Pamba ikishapimwa na pesa kuingia kwenye simu, kuna mavazi ya kung'aa hununuliwa usiku uleule. Kwenye PUBG Mobile nguo ni nguo tu, haziongezi chochote. Kwenye Free Fire zipo ngozi za bunduki zinazoongeza nguvu kidogo, na mimi huona hilo limeharibu utamu wa mchezo, kama mpira ambao timu moja imeruhusiwa goli dogo. Lakini hata hiyo nguvu haitibu simu inayonata. Aliyepalilia pamba ile kwa jembe la mkono aweke pesa kwenye simu yenye remu kubwa zaidi, au anunue spika za masikioni, chenji ibaki.

Na simu ni simu. Mwezi uliopita nilibaki mimi na mtu mmoja. Nilikuwa nyuma ya jiwe, mgongo kwenye ukingo wa zoni, ukuta wa mwisho mkononi, yeye yuko wazi mteremkoni anajifunga dawa. Kioo kikafunikwa: mama, kutoka Maswa. Nilipokea. Alitaka kujua kama nimekula. Niliporudi, nilikuwa sanduku. Kuna mpangilio wa kuzuia simu zisiingie wakati wa gemu, nimeshauwasha, na nimeacha namba moja tu ipite.

Jumamosi hii mpwa wangu amenitangazia shindano mbele ya benchi zima: raundi tano, anayekufa wa kwanza ananunua chipsi mayai. Nimekubali. Nitakaposhuka siwaandikii, kwa sababu naye husoma gazeti hili.