Mkono Unahitaji Siku ya Pili
Wiki hii nazungumza na wote wanaofundisha ufundi kwa mikono, kuanzia chuo cha VETA pale Mikumi hadi gereji za Kilosa mjini. Kijana akishinda na fimbo ya kuchomelea tangu asubuhi, ifikapo saa sita mshono wake umenyooka na sote tunampongeza. Kesho kutwa mpe tena: fimbo inanata kwenye chuma, mshono una matundu, fundi anamwita mzembe. Jamani, si mzembe. Mkono wake ulikuwa umechangamka tu, ujuzi haujakaa. Mwaka 1978 watafiti Baddeley na Longman walieleza walivyowafundisha watu wa posta Uingereza kupiga taipu: waliofanya saa moja kwa siku walifikia kiwango kwa jumla ya saa chache kuliko waliofanya saa nne kwa siku, ingawa hao wa saa moja ndio walioridhika kidogo na ratiba yao. Hapo ndipo tunapopotea, tunapima somo kwa raha ya mwanafunzi. Ningekuwa na karakana, kijana angechomelea chuma kilicholala, mara kilichosimama, mara cha juu ya kichwa, kwa muda mfupi, kisha arudi kesho. Atakosea zaidi, na vyuma chakavu vitaisha upesi. Gharama hiyo tuikubali. Mtihani nao uje wiki tatu baadaye, bila kumkumbusha, kama atakavyoamshwa usiku kwa lori lililokatika chesisi barabara ya Iringa.