Split Ilitudanganya, na Kuna Watu Wanalipia

Wacha niseme mapema kabla mnirukie: Split ni muvi tamu. James McAvoy alicheza mpaka unasahau ni mtu mmoja, na kama ulijaziwa kwa flashi pale duka la muvi ukaitazama usiku maharagwe yakaungua jikoni, sikulaumu. Shida yangu ni kile tulichobeba baada ya muvi kuisha. Wengi wa rika letu wakisikia DID, picha inayowajia ni ya Kevin: jamaa ameteka wasichana watatu, ana nafsi 23, halafu ya 24 ni mnyama anayepanda kuta na kula watu. Kwisha. Hiyo ndiyo elimu yote tuliyo nayo.

Sasa DID ni nini? Mimi si daktari, chuo chenyewe niliacha mwaka wa pili na hata sikuwa nasomea saikolojia. Lakini hii si siri ya serikali, ukitafuta utasoma. Zamani iliitwa ugonjwa wa nafsi nyingi. Mwaka wa 1994 madaktari wa akili wa Marekani wakabadilisha jina kwenye mwongozo wao. Na walikuwa na haki, kwa sababu si ati watu kumi wamekodi chumba kwenye mwili mmoja. Ni mtu mmoja ambaye nafsi yake haikuwahi kuungana ikawa kitu kimoja. Na tafadhali, si skizofrenia. Hizo ni stori mbili tofauti kabisa.

Kila mtu akili yake hujitenga kidogo. Umewahi kuwa kwa matatu, umezama kwenye muziki, ukashtukia umepita steji yako na hukumbuki hata njia mliyopita? Hiyo ni akili imeenda zake kidogo. Sasa fikiria mtoto wa miaka minne anayeumizwa na mtu yule yule anayempikia uji. Hawezi kutoroka. Hana nauli, hana pa kwenda. Kitu pekee kinachoweza kutoka kwenye hicho chumba ni akili yake, basi inatoka. Kesho inatoka tena. Ikifanya hivyo miaka, kumbukumbu zinawekwa vyumba tofauti na milango inafungwa. Upande mmoja unaenda shule ukicheka, upande mwingine ndio unaojua kinachotokea usiku. Wataalamu wengi wanaielewa DID hivyo: ni njia ambayo mtoto alitumia kubaki hai.

Kwa hivyo kazi yake hasa ni kuficha, na hapo ndipo muvi nyingi zinapotea njia. Kwenye skrini mtu akibadilika anabadilisha nguo, sauti, mpaka mwendo. Maishani, wengi wanaweza kubadilika mmekaa meza moja na usishtuke. Wao wenyewe wanachoona ni mapengo.

Kuna rafiki yangu, ameniruhusu niandike bila jina. Alikuwa anakuta meseji kwa simu yake ambazo hakumbuki kutuma. Anasalimiwa na watu hawajui, kwa bashasha kabisa. Anaamka Alhamisi akidhani ni Jumanne. Kwa miaka aliambiwa ni msongo wa mawazo, ni usahaulifu, ni kutafuta kiki. Mwishowe daktari mmoja akamsikiliza vizuri na akaanza matibabu, ambayo mengi ni mazungumzo, polepole, kwa muda mrefu. Akajipa moyo akawaambia wasichana aliokuwa akiishi nao. Wakacheka, wakatazama Split pamoja wikendi hiyo, na kuanzia hapo wakawa wanafunga mlango wa chumba chao na kufuli usiku. Mmoja akawa anamuita Beast. Ati ni utani. Aliacha kwenda kliniki karibu mwaka mzima, kwa sababu hakutaka mtu yeyote amuone akiingia huko.

Manze, hiyo muvi ilitengenezwa kwa dola milioni 9 na ikaingiza zaidi ya milioni 270. Hakuna hata senti yake iliyonunua kufuli ya kumlinda yeye.

Na anahitaji kulindwa. Mwongozo huo huo wa madaktari unasema zaidi ya asilimia 70 ya wagonjwa wa DID wanaotibiwa kliniki wamewahi kujaribu kujiua. Soma hiyo tena. Mtu aliye hatarini ni mwenye ugonjwa, si jirani yake. Na hapa kwetu, mpaka Januari 2025 Mahakama Kuu iliposema kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu kinakiuka Katiba, mtu akijaribu kujiua akaokolewa alikuwa anaweza kushtakiwa. (Kama haya yanakugusa, laini ya 1199 ya Msalaba Mwekundu haitozi pesa.)

Kuna watakaosema DID yenyewe ni uongo, na watataja Sybil. Ni haki yao. Kitabu kilitoka 1973, filamu ya televisheni na Sally Field 1976, nafsi 16. Baadaye ikajulikana kwamba mgonjwa mwenyewe, Shirley Mason, alimwandikia daktari wake barua mwaka wa 1958 akisema alizibuni, kisha akaikana barua hiyo. Daktari alikuwa akimpa dawa nzito na kumuuliza maswali ya kumwelekeza. Mimi naona hiyo inatuonyesha kwamba mganga mwenye tamaa ya stori anaweza kumharibu mgonjwa. Haifuti mapengo ya rafiki yangu. Lakini angalia watazamaji pia: The Three Faces of Eve ya 1957 ilikuwa na tatu, Sybil 16, Split 24. Inapanda kama bei ya unga. Na yule mwanamke halisi wa Eve, Chris Costner Sizemore, alijitokeza miaka ya sabini akasema kule kupona kwa mwisho wa muvi hakukuwa kweli, aliendelea kuugua muda mrefu.

Je, kuna waliojaribu vizuri? Wapo. Mashabiki wa K-drama mnaijua Kill Me, Heal Me ya 2015. Inachekesha kupita kiasi, Ji Sung akiwa msichana wa miaka 17 utalia kwa kicheko, lakini chini ya vichekesho kuna mtoto na kuna mtu mzima aliyemuumiza, na drama haiwaepuki. Moon Knight ya 2022 nayo ina mungu wa Misri anayeongea, sawa, lakini ile sehemu Steven anafika kwa miadi ya Ijumaa akaambiwa leo ni Jumapili? Rafiki yangu alisimamisha hapo akatoka nje kidogo.

Swali la pepo najua linakuja. Mwongozo wenyewe unakubali kwamba jamii nyingine huieleza hali hii kama kupandwa na pepo, na unasema wazi kuwa kinachokubalika kwenye dini au mila si ugonjwa. Kwa hivyo mama wa Lamu anayepandwa kwenye ngoma, katikati ya watu wanaojua la kufanya, simgusi. Maombi pia siyagusi. Ila mtu akiombewa kila Jumapili na bado anapoteza kila Jumanne, mpelekeni pia hospitali.

Nilimuuliza rafiki yangu angetaka watu wafanye nini akipotea. Nilidhani atataja kitu kikubwa. Akasema usiniulize wewe ni nani leo, na usitoe simu unirekodi. Niambie tu kwa sauti ya kawaida ni Alhamisi, tuko Roysambu, na chai iko kwa jiko.