SAUTI NAYO NI SHAHIDI

Katika kazi ya ulinzi tumezoea kuamini kile kionekanacho kwa macho. Hata hivyo, yako matendo ya gizani ambayo hayana shahidi mwingine ila sikio. Msanii Lawrence Abu Hamdan, aliyezaliwa Amman, Jordan, mwaka 1985, hukusanya sauti za matendo hayo, huzipima, kisha huzieleza mbele ya hadhira. Mwaka 2019 alikuwa mmoja wa wasanii wanne waliogawana Tuzo ya Turner ya Uingereza.

Mwezi Mei 2014, vijana wawili wa Kipalestina waliuawa kwa risasi huko Beitunia, Ukingo wa Magharibi wa Jordan. Jeshi la Israel lilidai kuwa risasi za moto hazikutumika. Abu Hamdan aliichukua milio iliyorekodiwa siku hiyo, akaigeuza kuwa michoro, akalinganisha mlio wa risasi ya mpira na ule wa risasi ya moto. Ikadhihirika kuwa risasi za moto zilifyatuliwa. Askari mmoja wa polisi ya mpakani alishtakiwa kwa kifo cha mmoja wa vijana hao, akakiri uzembe, na mwaka 2018 akahukumiwa kifungo.

Nchini Syria, wafungwa wa gereza la Saydnaya, kaskazini ya Damascus, walifunikwa macho na kukatazwa kusema. Mwaka 2016, Abu Hamdan alishirikiana na Amnesty International na kundi la Forensic Architecture kuwahoji walionusurika. Jengo hawakuliona, lakini waliikumbuka milango, hatua za walinzi na vipigo. Aliwasikilizisha sauti za nguvu mbalimbali ili waoneshe kiasi cha mnong'ono waliothubutu kuutoa. Ilibainika kuwa baada ya maandamano ya mwaka 2011 mnong'ono huo ulipungua kwa desibeli 19. Hicho kilikuwa kipimo cha hofu. Gereza lilifunguliwa Desemba 2024, utawala wa Bashar al-Assad ulipoanguka. Ushahidi ulikuwa umekwisha kutoka miaka minane kabla.

Hapa pana funzo kwetu sisi tuliovaa sare. Anayetoa taarifa kwa wananchi na ahakikishe kwanza ni silaha gani iliyotumika, kwani njia ya mwongo ni fupi, na mlio wa bunduki haupokei amri ya kubadili maelezo. Naye mlinzi wa mahabusu akumbuke kuwa kumfunika mtu macho si kumziba masikio. Askari mwenye nidhamu hana haja ya kuogopa kusikika.