Njia ya Ulaya Yapita kwa Jirani

Muhula huu katika mabweni yetu hakuna neno lililozungumzwa zaidi ya mpira wa miguu. Wala si habari za Simba na Yanga tu, bali ni habari ya mtu kuufanya mpira kuwa kazi ya kumpatia riziki. Wenzetu wawili wa Kidato cha Nne, ambao sote twakubali kwamba wanajua kucheza, wamesema waziwazi kwamba hawaoni faida ya kungoja mtihani wa Novemba. Mzazi wa mmoja wao amepelekewa ujumbe wa simu na mtu ajiitaye wakala, akitakiwa atume shilingi 300,000 ili kijana wake apelekwe majaribioni Ulaya. Mzazi huyo ana fedha kidogo alizopata kwa kahawa, na sasa yumo katika mashaka. Akitoa, aogopa kutapeliwa. Asipotoa, aogopa kulaumiwa na mwanawe maisha yake yote. Kwa hiyo nimeona yafaa niandike maneno machache katika gazeti letu, ili wanafunzi, walimu na wazazi tulifikiri jambo hili pamoja.

Kwanza napenda kuwajibu wale wasemao kwamba mpira ni mchezo wa watoto na wavivu. Huenda maneno hayo yalikuwa na nguvu zamani, lakini leo hayana. Mchezaji wa Ligi Kuu ya Tanzania ni mtu wa mkataba na mshahara, na kazi yake ina saa zake kama kazi nyingine. Mwaka 2021 kampuni ya Azam Media ilifanya mapatano na Shirikisho la Mpira wa Miguu Tanzania, yaani TFF, ya kuonyesha ligi yetu kwa miaka 10 kwa zaidi ya shilingi bilioni 225. Tena tazameni ni watu gani waliokuja kutafuta kazi kwetu: Emmanuel Okwi kutoka Uganda, Meddie Kagere kutoka Rwanda, Clatous Chama kutoka Zambia, na Aziz Ki wa Burkina Faso. Kwa hiyo neno "ng'ambo" halina maana ya Ulaya peke yake. Kwa Chama, ng'ambo ilikuwa Dar es Salaam. Basi mzazi asimcheke kijana asemaye kwamba ataka kuwa mchezaji. Lililo muhimu ni kumwuliza: utaanzia wapi, na lini?

Hapo ndipo mimi na wenzangu wawili tunapoachana. Wao wasema mguu wa mchezaji huzeeka upesi, na kwamba asiyefika Ulaya akiwa na miaka 17 amekwisha kuchelewa. Mimi nasema njia hiyo ya mkato haikuwa njia ya yule tunayemtaja kila siku.

Mbwana Samatta alizaliwa Desemba 1992. Alicheza African Lyon ya Dar es Salaam, na mwaka 2010, alipokuwa na miaka 17 kama sisi, akaingia Simba. Mwaka 2011 Simba ilikutana na TP Mazembe ya Lubumbashi katika mashindano ya mabingwa wa Afrika, na mwaka uleule Mazembe wakamchukua. Huko Kongo alikaa zaidi ya miaka minne. Mwaka 2015 alikuwa miongoni mwa wafungaji wakubwa kabisa wa mashindano hayo, akafunga katika fainali, na Mazembe wakatwaa kombe. Januari 2016, huko Abuja, alipewa tuzo ya mchezaji bora wa Afrika kwa wale wanaocheza barani humu. Ndipo alipokwenda Ubelgiji katika klabu ya Genk, akiwa na miaka 23, na mwaka 2019 Genk ikawa bingwa wa nchi hiyo. Januari 2020 alihamia Aston Villa, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza na kufunga katika Ligi Kuu ya Uingereza. Tarehe 1 Machi 2020 aliifunga Manchester City katika fainali ya Kombe la Ligi pale Wembley, ingawa timu yake ilishindwa mabao 2 kwa 1.

Sasa tufanye hesabu. Tangu alipoingia Simba hadi alipofika Aston Villa ni miaka 10. Katika miaka hiyo, sehemu kubwa aliimaliza Lubumbashi. Nasi wa mkoa wa Songwe twapaswa kulielewa neno hilo kuliko watu wengine, maana malori yaendayo Lubumbashi hupita mbele ya macho yetu kila siku, Mlowo, Vwawa na Tunduma, kisha huvuka Zambia hadi mpakani mwa Kongo. Mahali alipofundwa mchezaji wetu mkubwa ni kwa jirani. Watu wa huko husema Kiswahili, kwa hiyo hakuwa bubu kati ya wageni. Tena klabu yenyewe ilikuwa imekwisha kuwa bingwa wa Afrika mwaka 2009 na 2010, na mwaka huo wa 2010 ilifika fainali ya Kombe la Dunia la vilabu ikacheza na Inter ya Italia. Samatta alijifunza kazi kwa mafundi, karibu na nyumbani, kisha akaenda mbali.

Mtu aweza kunijibu kwa kumtaja Victor Wanyama wa Kenya, aliyekwenda Sweden katika klabu ya Helsingborg mwaka 2007, akiwa na miaka 16 tu. Ni kweli, na baadaye alicheza Celtic, Southampton na Tottenham. Lakini tusimulie habari yote. Kaka yake, McDonald Mariga, alikuwa akicheza hukohuko. Kaka huyo alipohamia Parma ya Italia, Wanyama alirudi Kenya, ndipo akaondoka tena kwenda Ubelgiji. Ikiwa mtu mwenye kipaji kama kile, naye ana ndugu yake wa kumwongoza, alirudi kwanza nyumbani, je, huyu mwenzetu asiye na mtu hata mmoja huko atashikwa mkono na nani?

Sisi wa Mbozi twaijua kahawa. Mche hukaa kitaluni kwanza, kisha huhamishiwa shambani, na hata hapo mkulima hungoja miaka kama mitatu ndipo achume mavuno ya kwanza. Hakuna auitaye mche huo mvivu, wala hakuna aung'oaye kitaluni kabla ya wakati kwa sababu bei ya kahawa imepanda.

Pili, kuna jambo la sheria, ambalo naona wengi hatulijui. Kanuni za FIFA zakataza mchezaji wa chini ya miaka 18 kuhamishwa kutoka nchi moja kwenda nyingine, isipokuwa kwa sharti chache. Mojawapo lawahusu watu wa mpakani: kijana anayekaa si zaidi ya kilomita 50 kutoka mpaka aweza kuandikwa katika klabu ya nchi jirani iliyo karibu vilevile, maadamu aendelea kulala kwao na vyama vya nchi zote mbili vimekubali. Kwa hiyo kijana wa Tunduma aweza kuomba kuchezea timu ya Nakonde na jioni akarudi kula ugali kwa mama yake. Lakini kumchukua mwanafunzi wa miaka 17 hapa Itaka na kumwandikisha Ulaya kwa sababu ya mpira tu, hilo kanuni hailiruhusu. Mimi mwenyewe nina miaka 17, na wenzangu hao ni rika langu. Anayetuahidi jambo hilo mwezi huu, ama haijui sheria, ama aijua na anatudanganya.

Tena wakala wa kweli ana leseni ya FIFA aliyoipata kwa kufanya mtihani, na jina lake laweza kutafutwa katika orodha iliyo wazi kwa watu wote. Huyo hupata ujira wake katika mkataba alioutafutia mchezaji. Mtu asiye na klabu ya kuitaja, wala leseni ya kuonyesha, ambaye neno lake la kwanza ni "tuma fedha", huyo si wa kutumiwa hata nauli ya basi. Wazazi, mkipata ujumbe wa namna hiyo, uleteni kwa mwalimu wa michezo au upelekeni chama cha mpira cha wilaya kabla ya kugusa fedha za kahawa.

Tatu ni habari ya masomo. Mchezaji hula kwa mkataba, na mkataba ni karatasi ya kusomwa. Desemba 2022 Feisal Salum alitaka kuvunja mkataba wake na Yanga. Kamati ya TFF ikaamua kwamba yeye bado ni mchezaji wa klabu hiyo. Alikaa miezi mingi bila kuichezea, hata akahamia Azam mwezi Juni 2023. Simhukumu yeye wala klabu yake. Nasema tu kwamba mzozo ule ulikuwa wa vifungu vya maandishi, na mtu asiyeweza kusoma vifungu vyake mwenyewe atasomewa na mwingine apendavyo. Hali kadhalika, goti laweza kuvunjika siku moja kabla ya kutia sahihi. Cheti cha Kidato cha Nne hakivunjiki.

Wala wasichana wa shule yetu wasidhani kwamba maneno haya ni ya wavulana tu. Aisha Masaka aliichezea Yanga Princess, na mwaka 2022, alipokuwa na miaka 18, akaenda Sweden katika klabu ya BK Häcken. Mwaka 2024 akahamia Brighton ya Uingereza. Naye pia aling'aa nyumbani kwanza. Lakini hapa kwetu uwanja ni wa wavulana siku zote za juma, na wasichana huachiwa netiboli. Naomba walimu wagawe siku.

Nina ombi jingine kwa wakubwa wetu. Kanuni za FIFA zasema kwamba mchezaji mwenye mkataba anapouzwa kutoka nchi moja kwenda nyingine, asilimia 5 ya fedha za uhamisho hugawiwa vilabu vilivyomlea tangu mwaka wake wa 12 hadi wa 23. Lakini klabu haiwezi kudai kitu ikiwa haikuandikishwa, wala haina daftari la kuonyesha nani alicheza na mwaka gani. Timu nyingi za kata zetu hazina hata daftari la majina. Ikiwa siku moja kijana wa Mbozi atauzwa kwa fedha nyingi, sehemu ya fedha hizo ingeweza kurudi kununua mipira na nyavu za wadogo zake. Basi viongozi wa timu zetu waanze kuandika majina sasa, na chama cha wilaya kiwasaidie kujiandikisha.

Kwa wenzangu wawili nasema hivi bila kejeli, maana wanajua kwamba nawapenda na kwamba nawaonea wivu kwa chenga zao. Mtihani ni Novemba, nayo ni miezi michache tu. Ukiisha, Mbeya haiko mbali, na huko ziko Tanzania Prisons na Mbeya City. Nendeni mkaombe kujaribiwa mbele ya watu wanaojulikana, mahali ambapo baba aweza kuja kuwatazama. Nyanda hizi zetu si jangwa la mpira: mwaka 1986 Tukuyu Stars, timu ya Rungwe, ilitwaa ubingwa wa Tanzania mbele ya Simba na Yanga. Na kama Mbeya hawatawataka mwaka wa kwanza, mtakuwa mmejifunza kipimo chenu kwa nauli ndogo, na cheti mkononi.

Na kwa yule mzazi: zile shilingi 300,000 usizitume. Mnunulie kijana viatu vizuri vya mpira, kiasi kitakachobaki kiwe nauli ya Mbeya mwezi wa Desemba.

Mwanafunzi wa Kidato cha Nne, Itaka