Jeshi lilijua: kiwewe cha askari na majalada ya 1916

Alfajiri moja ya Oktoba 1916, huko Carnoy, kaskazini mwa Ufaransa, Harry Farr, askari wa Uingereza mwenye umri wa miaka 25, alipigwa risasi na wenzake. Kosa lake lilikuwa woga. Mwezi mmoja kabla, mapigano ya Somme ya Vita vya Kwanza vya Dunia yakiwa yamepamba moto, alikataa kwenda mstari wa mbele. Kesi yake ilichukua kama dakika 20, naye hakuwa na wa kumtetea.

Mwanahistoria anayechunguza kiwewe cha askari wa zamani huambiwa asiwahukumu watu wa jana kwa elimu ya leo. Pingamizi hilo lina uzito. Ugonjwa wa kiwewe, kwa jina na vigezo vinavyotumika sasa, uliingia katika mwongozo wa madaktari wa akili wa Marekani mwaka 1980 tu. Mwaka 1993, Waziri Mkuu wa Uingereza John Major alikataa kuwasamehe akina Farr kwa hoja ya namna hiyohiyo.

Lakini majalada ya wakati uleule yanaibomoa hoja hiyo.

Februari 1915, daktari Charles Myers alieleza katika jarida la The Lancet habari za askari watatu waliopungukiwa na uwezo wa kuona, kunusa, kuonja na kukumbuka baada ya makombora kulipuka karibu nao. Mwaka huohuo Farr alilazwa miezi mitano kwa mshtuko wa makombora, kama maradhi ya namna hiyo yalivyoitwa. Mkewe alisimulia kwamba barua zake ziliandikwa na muuguzi, kwa kuwa mikono ya mumewe ilitetemeka mno. Hata ofisa wake aliandika kwamba Farr hupoteza utulivu anaposhambuliwa, ila mbali na hapo tabia yake ni njema sana. Jalada lilipanda ngazi hadi kwa Jenerali Douglas Haig, naye akaidhinisha hukumu.

Kwa hiyo hakuna haja ya kumpima marehemu kwa vipimo vya leo. Jeshi lilikuwa na habari za kutosha, likachagua kuwatisha waliobaki.

Mwaka 2006 Bunge la Uingereza liliwasamehe askari 306 kwa mkupuo, huku sheria yenyewe ikiacha hatia zao palepale. Msamaha wa jumla uliwafariji jamaa, lakini haukusema nani alijua nini katika kila kesi. Kazi hiyo bado ni ya mwanahistoria.

Afrika Mashariki kazi ni ngumu zaidi. Waingereza walitumia wapagazi wanaokadiriwa kufikia milioni moja katika vita hivyohivyo, na makumi ya maelfu walikufa. Kumbukumbu za serikali zinataja malaria, kuhara damu na mishahara isiyochukuliwa. Yaliyowapata akilini hayakuulizwa. Anayetegemea majalada peke yake atadhani wapagazi hao hawakupatwa na kiwewe, wakati karatasi hizo zinathibitisha tu kwamba hakuna aliyejali kuuliza.